Mita 300 kutoka Lango la Shule

Hotuba ya wakili mmoja mbele ya semina ya wanakamati wa haki na amani



Nimetakiwa niseme juu ya ugomvi wa maduka ya pombe mitaani: nani ana mamlaka ya kuamua baa ifunguliwe wapi, na jirani anayeteseka aende wapi. Najua wapo miongoni mwetu watakaouliza kwa nini wanaharakati waliosimama dhidi ya utawala wa chama kimoja wapoteze asubuhi nzima kwa habari ya baa. Nitawajibu mapema. Mwananchi wa kawaida hakutani na Katiba katika Mahakama ya Juu. Hukutana nayo pale mtoto wake anapopita mbele ya walevi saa kumi na mbili asubuhi akienda shule, anapomwendea mkubwa fulani kulalamika, na mkubwa huyo anapomwambia, "Leseni imetoka juu." Neno hilo "juu" ndilo tulilopigana nalo miaka hiyo yote.

Tuanze na historia, maana sheria hizi hazikuanguka kutoka mbinguni. Serikali ya kikoloni ndiyo iliyotufundisha kwamba mahali pa kunywea pombe ni suala la kutawala watu. Kwa miaka mingi Mwafrika alikatazwa kisheria kunywa pombe kali ya Kizungu, na katika Nairobi, tangu miaka ya 1920, baraza la mji lilijitwalia ukiritimba wa kuuza pombe ya kienyeji Pumwani, huku mama aliyepika yake nyumbani akikamatwa. Fedha za pombe hiyo zililipia huduma za Waafrika haohao. Yaani Mwafrika alitakiwa anywe ili ajengewe. Hapakuwa na mtu aliyemwuliza mkazi wa Pumwani kama angependa kilabu kile kiwe pale.

Uhuru ulipokuja, tulirithi sheria pamoja na mazoea yake. Chini ya Sheria ya Leseni za Pombe, ile iliyojulikana kwa mawakili kama Sura ya 121, kulikuwa na chombo kilichoitwa mahakama ya leseni za pombe. Jina lilikuwa la mahakama, lakini aliyekalia kiti alikuwa mkuu wa wilaya. Mtu yuleyule aliyetoa kibali cha mkutano wa hadhara, aliyewaita machifu barazani na kuwaambia nini cha kuhubiri, ndiye aliyeamua nani auze bia na wapi. Huko chini chifu alikuwa na Sheria ya Mamlaka ya Machifu, Sura ya 128, iliyompa uwezo wa kutoa amri juu ya kupika, kuuza na kunywa pombe katika eneo lake. Mwaka 1980 ikaja Sheria ya Kupiga Marufuku Chang'aa. Yeyote aliyekuwa mtu mzima wakati huo anakumbuka msako wa alfajiri, mitungi iliyomwagwa, na mlungula uliolipwa ili mitungi mingine isimwagwe.

Tazameni basi jinsi mfumo huo ulivyofanya kazi. Mwenye baa aliyejulikana kuwa na maoni tofauti na chama tawala alijua kwamba karatasi yake ya leseni ilikuwa inaning'inia kwenye uzi, na uzi umeshikwa na mkuu wa wilaya. Mwenye baa aliyekuwa rafiki wa wakubwa alijenga penye shule, penye kanisa, penye zahanati, na hapana aliyemgusa. Jirani hakuwa mtu katika hesabu hiyo. Bunge lilipofuta kifungu cha 2A cha Katiba mwezi wa Desemba 1991 tulipata haki ya kuunda vyama, lakini chifu aliendelea na Sura yake ya 128 hadi marekebisho ya 1997 yaliyotokana na maafikiano ya vyama bungeni. Ndiyo maana nasema kwamba uhuru wa kupiga kura ulitangulia mbali uhuru wa kulala usingizi mtaani mwako.

Na kama jirani angethubutu kwenda mahakamani? Mnakumbuka mwaka 1989, Profesa Wangari Maathai alipokwenda Mahakama Kuu kuzuia jumba la ghorofa nyingi lisijengwe katika bustani ya Uhuru. Jaji Dugdale alimjibu kwamba hakuwa na haki ya kushtaki, kwa kuwa hakuonyesha kwamba yeye binafsi angedhurika kuliko wananchi wengine. Jumba halikujengwa, lakini si kwa sababu ya mahakama. Hukumu za namna hiyo zilifunga mlango kwa mama yeyote wa Kawangware au wa Kisumu Ndogo aliyetaka kusema kwamba kilabu kilicho kando ya ukuta wake kinamharibia maisha. Angeulizwa: wewe umedhurika nini ambacho jirani zako hawakudhurika?

Mlango huo leo umefunguliwa. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 22, inamruhusu mtu yeyote kwenda mahakamani kutetea haki zake, za mwenzake asiyeweza kufika, au za umma. Kifungu cha 42 kinampa kila mtu haki ya mazingira safi na yenye afya, na kifungu cha 70 kinasema wazi kwamba anayeitetea haki hiyo halazimiki kuonyesha kuwa kuna mtu aliyepata hasara au madhara. Nimewasomea wazazi fulani kifungu hicho ofisini kwangu, nao hawakuamini. Waliniomba niwaonyeshe kwa kidole.

Sasa niingie katika sheria yenyewe ya pombe. Mwezi uleule wa Agosti 2010 ambao Katiba mpya ilizinduliwa, ilitiwa sahihi Sheria ya Kudhibiti Vileo, ambayo watu huiita sheria ya Mututho kwa jina la mbunge wa Naivasha wa wakati huo aliyeileta bungeni. Ilifuta Sura ya 121 pamoja na sheria ya chang'aa. Ikaweka saa: baa zifunguliwe kuanzia saa kumi na moja jioni hadi saa tano usiku siku za kazi, na kuanzia saa nane mchana mwishoni mwa juma na siku za sikukuu. Ikaweka pia umbali, na hapo ndipo penye ugomvi wetu. Kamati ya leseni haitakiwi kutoa leseni mpya ya kuuza pombe ya kunywewa papo hapo ila iwe imeridhika kwamba mahali hapo ni mbali na shule ya chekechea, ya msingi, ya sekondari au taasisi nyingine ya mafunzo ya watoto walio chini ya miaka 18, kwa mita zisizopungua 300.

Lakini mita 300 si sharti la peke yake, na naomba mnisikilize vizuri hapa, kwa maana wengi wenu mnaandika barua za malalamiko mkishika hilo tu. Kabla ya umbali, kifungu hichohicho kinaitaka kamati iridhike kwamba kuweka baa mahali hapo ni kwa manufaa ya umma, na kwamba zile ambazo tayari zina leseni hazitoshi kwa mahitaji ya eneo, kwa kuangalia wingi wa watu. Kisha nyumba iwe imara, safi, na yenye vyoo vya kutosha. Kwa hiyo mtaa wenye baa tano katika njia moja una hoja dhidi ya baa ya sita hata kama hakuna shule karibu. Hoja hiyo nimeiona ikiandikwa mara chache mno, ingawa ndiyo nzito.

Hayo mita 300 nayo yana maneno. Kifungu hakikusema kamba ipimwe kufuata njia wanayopita watoto au ipasue angani moja kwa moja. Mwenye baa atapima kufuata njia inayozunguka mto. Mwalimu mkuu atapima kuvuka ukuta. Tena kuna swali la nani alitangulia. Mitaani kwetu shule za binafsi huchipuka katika nyumba za kukodi, vyumba vitatu na bango, na huenda baa imekuwa pale miaka kumi. Sheria inazungumza juu ya leseni mpya. Ni vigumu kumwambia mtu aliyefuata sheria miaka yote kwamba amekuwa mkosaji kwa sababu jirani yake amefungua shule Januari. Basi mkipeleka pingamizi, pelekeni mchoro uliopimwa na mpimaji anayetambulika, na cheti cha kuandikishwa kwa shule chenye tarehe. Picha za simu hazitoshi.

Na kuna ufa ambao wafanyabiashara wameuona kabla yetu. Sharti la umbali katika sheria ya 2010 limeandikwa katika habari za leseni ya kunywea papo hapo. Ndiyo sababu mtaani mnaona vijiduka vyenye wavu wa chuma, kila kimoja kikisema kwamba chenyewe huuza chupa za kubebwa nyumbani tu. Mnunuzi anapokea chupa yake dirishani, anageuka hatua mbili, anaketi kwenye benchi lililowekwa kando ya ukuta, na kikombe anakipata humohumo dukani. Hiyo ni baa bila jina la baa. Mnapokwenda mbele ya kamati, msipoteze nguvu zenu kushindana juu ya jina lililo kwenye leseni. Andikeni ya lile benchi: lilikuwapo siku gani, saa ngapi, nani ameliona. Leseni ya kuuza chupa haimruhusu mtu kufungua ukumbi.

Tangu 2013 kazi hii ya leseni imekuwa mikononi mwa kaunti, kwa sababu Jedwali la Nne la Katiba liliweka leseni za pombe katika orodha ya kazi za kaunti. Kaunti nyingi zimetunga sheria zao, Nairobi ilitunga yake mwaka 2014, na sehemu kubwa yake imeiga ile ya taifa. Mkuu wa wilaya, ambaye sheria ya 2010 ilikuwa bado imemwacha kwenye kiti cha kamati, ameondoka humo. Je, mkono wa juu umeondoka? Nina shaka. Ada za leseni ni chakula cha kaunti, na anayekula kwa wingi wa leseni si rahisi akatae leseni. Tumetoka kwa mtu aliyetoa leseni kwa ajili ya siasa, tukafika kwa ofisi inayozitoa kwa ajili ya mapato. Na kwa mwenye kulala karibu na spika za baa, usiku ni uleule.

Sasa chombo ambacho hamkitumii. Sheria ya 2010 inaamuru kwamba maombi yakishapokelewa, kamati iandae notisi yenye majina ya waombaji wote, aina ya leseni, mahali pa biashara, na siku na mahali pa kikao, na notisi hiyo ibandikwe hadharani kwa muda usiopungua siku 21. Mtu yeyote anaweza kuweka pingamizi. Alifanye kwa maandishi kwa katibu wa kamati, na mwombaji apewe nakala ya sababu zake siku 7 kabla ya kusikilizwa, na ni juu ya mpingaji kuthibitisha kwamba nakala hiyo ilifika. Nimeona pingamizi lililobeba sahihi nyingi za waumini likitupwa kwa sababu hapana aliyempelekea mwombaji nakala. Parokia nzima ilisaini, hakuna aliyetembea hatua mia kumpa jirani karatasi. Mteueni mtu mmoja katika kila jumuiya ndogo, kazi yake iwe kwenda kila wiki kuitazama ile mbao ya matangazo. Si kazi ya kusifiwa, wala haiandikwi magazetini.

Na msiishie kwa kamati ya pombe. Nyumba nyingi zinazogeuzwa baa zilijengwa kwa ajili ya makazi. Kubadili matumizi ya ardhi kunahitaji idhini ya mipango ya kaunti, zamani chini ya sheria ya 1996 na sasa chini ya Sheria ya Mipango na Matumizi ya Ardhi ya 2019, na maombi hayo nayo hutangazwa. Leseni ya pombe haigeuzi kiwanja cha makazi kuwa cha biashara. Mara nyingi mahali hapo ndipo kesi hushindwa au kushinda, wakati sisi tunapiga kelele penginepo.

Nikitaja kelele, niwaombe radhi viongozi wa dini kwa nitakalosema. Kanuni za kelele za 2009, zilizotungwa chini ya sheria ya mazingira, zinaruhusu katika makazi, nje ya nyumba, desibeli 50 mchana na 35 usiku. Baa chache mno zinaweza kutimiza hiyo ya usiku. Lakini kanuni hizohizo zina mstari wa nyumba za ibada: desibeli 40 mchana na 35 usiku. Nimewahi kuketi mahali ambapo wakili wa mwenye baa alisimama na kuuliza kwa upole kama kesha za Ijumaa za walalamikaji zilipimwa kwa kipimo hichohicho. Swali lilikuwa halali. Tena, tukiwa hapa peke yetu, tuulizane ni nani wanaokodisha nyumba hizi kwa wauza pombe. Baadhi yao tunawajua; hukaa viti vya mbele na hutoa vizuri siku ya mavuno.

Nifike penye jambo ambalo huenda halitawapendeza, nalo ndilo lililonifanya nikubali mwaliko huu. Pombe ya sumu imetuua. Novemba 2000 zaidi ya watu 100 walikufa katika vitongoji vya Nairobi. Mei 2014 makumi wakafa Embu, Kiambu na kwingineko, na wengine wakapofuka. Februari 2024 watu zaidi ya 10 wakafa Kirinyaga. Kila mara kilio kikipanda, serikali hujibu kwa amri. Julai 2015 Rais Uhuru Kenyatta aliagiza pombe ya bei rahisi ifutwe katika sehemu za kati, na wabunge wakatangulia mbele ya makundi ya watu waliovunja maduka na kumwaga mali, pamoja na mali ya wenye leseni halali. Novemba 2022 Gavana Sakaja wa Nairobi alitangaza kwamba vilabu vya usiku katika makazi vimenyang'anywa leseni. Machi 2024 Waziri wa Usalama wa wakati huo, Profesa Kindiki, alitoa maagizo mengi, yaliyogusa pia baa zilizo katika makazi na karibu na shule. Wengi wenu mlishangilia. Mimi nasema tuwe waangalifu tunaposhangilia.

Nimewahi kumtetea mwanamke mmoja, mjane, aliyekuwa na duka la pombe lenye leseni, lililokuwa mbali na shule yoyote. Alifungiwa na maofisa waliokuja jioni bila barua. Alipouliza kosa lake, aliambiwa kuna agizo. Agizo lenyewe hakuonyeshwa. Wakati huohuo, katika mtaa uleule, duka lililo mkabala na shule ya msingi liliendelea kuuza, na kila mtu alijua ni la nani. Msako unapokuwa wa amri badala ya sheria, ndivyo unavyochagua. Kifungu cha 47 cha Katiba kinampa kila mtu haki ya hatua ya kiutawala iliyo ya haki, ya haraka na ya kisheria, na apewe sababu kwa maandishi. Haki hiyo haina maneno yanayosema "isipokuwa mwuza pombe." Chifu wa Sura ya 128 naye alikuwa akifunga vilabu kwa jina la maadili mema, hatukumkubali wakati ule, na sioni kwa nini tumkubali akirudi kwa jina jingine, eti kwa sababu safari hii amemfunga mtu tusiyempenda.

Tena amri za namna hii hazidumu. Kaunti ikitenda bila kuwashirikisha wananchi, mahakama huitengua: mwaka 2014 Jaji Odunga aliibatilisha Sheria ya Fedha ya Kiambu ya 2013 kwa sababu hiyo. Mwenye baa mwenye fedha ataleta wakili hodari, atapata zuio la mahakama, na atauza pombe chini ya zuio hilo miaka miwili kesi ikiahirishwa, huku mjane wangu asiye na nauli ya kwenda mjini akibaki amefungiwa. Kufunga kwa njia halali, yaani kwa notisi, kusikilizwa, ushahidi wa mita na wa benchi, na uamuzi wenye sababu, huchukua muda, lakini kumefungwa.

Upande wetu pia tujihadhari na haraka. Sheria ya Hatua za Kiutawala za Haki ya 2015 inaikataza Mahakama Kuu kusikiliza ombi kabla njia za ndani hazijatumika. Walalamikaji wengi hukimbilia Milimani na maombi marefu yaliyojaa vifungu vya Katiba, kisha hurudishwa kwenye kamati ambayo hawakuwahi kuiandikia barua, na muda wa kupinga umekwisha. Mnamkumbuka yule mjane wa Injili ya Luka aliyemsumbua kadhi dhalimu mpaka akachoka. Alikwenda kwa kadhi wa mji wake, na akarudi, na akarudi tena.

Mwisho wa yote niliyoitwa kusema ni huu wa kazi. Nimeacha kwa Katibu nakala za mfano wa pingamizi, ukurasa mmoja tu: jina la mwombaji kama lilivyo kwenye notisi, mahali, sababu zilizotengana kila moja na ushahidi wake, sahihi, na nafasi chini ya mwombaji kuandika kwamba amepokea nakala. Akikataa kupokea, mtumieni kwa posta na mhifadhi stakabadhi. Walio na notisi za mitaa yao tayari, waniletee hapa mezani wakati wa chai, tuhesabu siku zilizobaki.